Ghala la Hapana la Bwana Abadani

Siku ile ya chai na maandazi ya kuniaga, vijana wenzangu wa chumba cha wakalimani mliniomba niwaandikie machache juu ya kazi hii kabla sijaisahau. Nilitikisa kichwa tu. Mbele ya watu wengi sina maneno, na hilo limewashangaza wengi miaka yote: mtu aliyeishi kwa kusema maneno ya wenzake, ya kwake hayatoki. Basi nayaandika. Mtanivumilia, maana shule yangu ilikuwa ya msingi tu na mkono wangu ni mzito. Mambo ya vyeo na mishahara yamo katika jalada langu, anayeyataka akayasome huko. Mimi nitaanza pale nilipojifunza kazi, na nadhani nitaishia hapo hapo, kwa sababu yaliyofuata mahakamani Tanga mnayajua wenyewe.

Nilizaliwa Moa, karibu na mpaka. Nilipomaliza shule, mjomba alinipeleka Tanga mjini nikawa mtumishi wa nyumba ya Mwingereza mmoja wa bandarini. Bwana alishinda kazini. Bibi alishinda nyumbani akizungumza na paka wake. Mimi nilikuwa nafuta vumbi nikisikiliza, na ndivyo nilivyokipata Kiingereza changu chote. Kilikuwa Kiingereza cha paka. Niliweza kusema vizuri sana "shuka hapo," "njoo unywe maziwa," "nani amekuudhi mpenzi wangu," na mengine ya namna hiyo. Lakini paka yule hakuwahi kukataliwa jambo lolote tangu azaliwe, kwa hiyo upande wa kukataa sikuambulia hata neno moja.

Nalieleza hili mapema kwa sababu kazi yangu ya kwanza ya ukalimani ilikuwa kwa mtu ambaye hakuwa na kazi nyingine ila kukataa.

Ilikuwa kiwanda cha mbao chini ya milima ya Amani, miaka ya hamsini. Watu walipasua magogo huko juu msituni, na mbao zikateremshwa hadi kiwandani ambako zilipangwa, zikakaushwa, zikapakiwa kwenye lori kwenda Muheza na Tanga. Meneja alikuwa Mwingereza mrefu mwenye shingo nyekundu. Jina lake halisi wafanyakazi wengi hawakulijua. Walimwita Bwana Abadani, kwa sababu ukimwomba chochote, jibu ulilijua kabla hujafungua mdomo. Kiswahili chake kilikuwa "lete," "haraka," "bado" na "hapana," na hiyo hapana hakuitumia sana. Aliona ni ndogo mno.

Siku yangu ya kwanza nilipewa kigoda karibu na mlango wa ofisi. Akaingia mpasua mbao mmoja, akaomba paa la nyumba yao lirekebishwe kabla ya mvua. Bwana Abadani hakuinua macho. Alisema maneno ambayo nilipoyapanga moja moja nilipata "nje" na "swali." Nikamgeukia yule mtu nikamwambia, "Bwana anasema jambo lako liko nje ya swali."

Yule mtu akafikiri kidogo. "Nje?"

"Nje."

Akatoka nje akangoja. Adhuhuri alikuwa bado yupo, amechuchumaa kivulini kwa adabu zote, anasubiri swali.

Aliyeniokoa ni karani mkuu, Mzee Alfredi, Mbondei mwenye miwani iliyofungwa uzi upande mmoja. Alitoka, akamwambia mtu yule maneno mawili kwa upole, mtu akaenda zake. Kisha akaniita tule ndizi zake za kuchemsha.

"Shikamoo mzee," nikasema. Asubuhi nilikuwa nimeona haya hata kumwamkia.

"Marahaba. Bakari, wewe Mdigo, nani alikufundisha Kiingereza?"

Nikamwambia. Alicheka mpaka miwani ikachomoka kwenye uzi.

"Sasa sikiliza. Mwafrika ana hapana moja, na hiyo moja anaionea haya. Mzungu ana ghala zima. Anaingia humo asubuhi anachagua ya siku hiyo. Ukisikia 'nje ya swali,' amekataa. Ukisikia anataja maisha yako, amekataa. Akitaja barafu na jehanamu, amekataa sana. Na akifika kwenye wanyama na maiti, funga mlango nenda nyumbani."

"Kwa nini hasemi hapana tu?"

"Angekuwa mkali. Wao ni watu wa adabu."

Nilidhani ananitania. Wiki hiyo hiyo akaja mzee mmoja wa Kizigua kuomba ruhusa ya kufuga mbuzi nyuma ya kambi. Bwana Abadani akasema mbuzi hao watafugwa juu ya maiti yake. Mimi, kwa kuogopa kukosea tena, nikapeleka vilevile. Mzee akasema "Inna lillahi," akavua kofia, akarudi nyuma polepole mpaka akatoka. Kesho yake jikoni kwa bwana pakafika mayai, kuku, na uji wa mgonjwa. Mpishi alipoulizwa akasema watu wamesikia bwana hana siku nyingi. Bwana Abadani aliyala mayai, na mbuzi hawakuja.

Hapo nikaamua kubadilisha njia. Nikajiambia, kwani lazima niyabebe mabalaa haya yote? Ninyi mliozaliwa pwani mnajua tunavyokataa. Kwetu Moa ukienda kuazima jembe kwa jirani asiyetaka kukupa, hatakwambia hapana. Atakukaribisha, atakupa kahawa, atauliza hali za nyumbani hadi za kuku, na jembe atakupa inshallah. Unafika kwako ndipo unagundua umekataliwa, na hata hasira huna. Basi kila Bwana Abadani alipokataa, mimi nikasema "inshallah." Akataja barafu ya jehanamu, nikasema "bwana anasema inshallah, ni vigumu kidogo." Watu wakaondoka wanatabasamu. Nikaona kazi imenikubali.

Haikupita muda, baraza ya ofisi ikajaa. Wote niliowapa inshallah walirudi kuuliza imefikia wapi. Walikaa kwenye ngazi, walikaa juu ya magogo, wengine walikuja na chakula.

Mzee Alfredi akaniita pembeni. Siku hiyo hakucheka. "Kijana, ahadi hizi unazogawa ni za nani?"

Nikainamisha kichwa.

"Wewe ni mfereji. Maji yanaingia huku yanatoka kule. Yakiwa machungu yatoke machungu. Mfereji hautii sukari. Watu hawa wakijua wamekataliwa, watatafuta njia nyingine. Wewe unawakalisha hapa wanangoja mvua ya kiangazi."

Nimefundishwa mengi baadaye na watu wenye vyeti, lakini hilo la mfereji ndilo nililowapa kila mmoja wenu siku yake ya kwanza. Wengine mlinuna.

Sasa niwaeleze waya, maana bila huo hamtaelewa lolote.

Kambi ya juu, walikokaa wapasua mbao na familia zao, ilikuwa juu ya jabali. Kwa miguu, mtu mzima mwenye afya aliondoka asubuhi akafika kiwandani mchana. Njia ilizunguka bonde lote, na masika ilikuwa tope tupu. Lakini mbao hazikuzunguka. Zilishuka kwa waya. Zilikuwapo kamba mbili nene za chuma kutoka juu mpaka chini, na juu yake magurudumu. Mzigo ukishuka kwenye kamba moja, uzito wake ulivuta kilichofungwa kwenye kamba ya pili kikapanda. Ndivyo unga na chumvi vya kambi vilivyopanda, ndani ya sanduku la mbao kubwa kama kitanda. Hapakuwa na injini. Palikuwa na breki huko juu, gogo moja refu lenye ngozi na chuma, na mtu wa kuishika.

Mtu huyo aliitwa Tobiasi, Mngoni kutoka Songea, Mkatoliki, mpole, mwenye mikono kama makasia. Mkewe, Agnesi, alikuwa mjamzito. Mimba mbili za mwanzo alikuwa amezipoteza. Ya pili ilipotea njiani, wakati wanaume wanamteremsha kwa machela, na mvua imeikata njia wakabaki katikati ya bonde, si juu si chini. Hii ya tatu ingetimia masika. Kila mtu wa kambi ya juu alikuwa anahesabu kimoyomoyo, na hakuna aliyesema kwa sauti.

Aliyesema ni Bi Hadija, mkunga wa kambi, Mshambaa, mama mfupi mwenye kanga mbili zisizolingana na sauti ya kuita ng'ombe. Siku moja alishuka na Tobiasi mpaka ofisini. Nikampa kigoda changu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Mwambie mzungu wako hivi. Huyu mke wa Tobiasi siku zake zikifika, mimi peke yangu siwezi. Mtoto amekaa vibaya, nimemshika nimemwona. Anataka hospitali. Njia itakuwa imekufa kwa mvua. Twataka ashuke kwa waya, ndani ya sanduku la unga. Basi. Hatuombi kingine."

Nikayapeleka yote, mpaka "mtoto amekaa vibaya," ambalo kwa Kiingereza cha paka lilinipa taabu. Bwana Abadani alisikiliza. Akasema waya ni wa mbao. Nikapeleka. Akasema ukikatika na mbao ataandika hasara, ukikatika na mwanamke ataandika nini? Nikapeleka. Bi Hadija akasema mbona haujakatika, na unga wanakula kila siku. Nikarudisha. Shingo ya bwana ikazidi kuwa nyekundu. Akagonga meza, akasema mwanamke atashuka kwa waya ule siku nguruwe watakaporuka angani.

Nikamgeukia Bi Hadija.

Fikirieni hali yangu. Mimi mtoto wa Moa, mbele ya mama wa Kiislamu wa makamo ya mama yangu, nimtajie mnyama yule kama jibu la haja yake. Nikasema, "Bwana anasema... siku mnyama fulani atakaporuka."

"Mnyama gani?"

"Mnyama tu, mama."

"Ana jina?"

Nilimtazama Mzee Alfredi. Alikuwa ameacha kuandika, ananitazama juu ya miwani. Mfereji.

"Samahani sana mama. Nguruwe. Bwana anasema mtapata siku nguruwe watakaporuka angani."

Tobiasi akafumba macho. Nilidhani Bi Hadija atanipiga. Lakini yeye alisogea mbele ya kigoda, akaniuliza polepole, kama mtu anayechagua nazi sokoni: "Amesema hapana?"

"Hapana. Yaani, hakusema hapana."

"Amesema siku fulani ikitokea jambo fulani, tutapata."

"Ndivyo alivyosema."

"Basi ametoa sharti."

Mzee Alfredi akaingilia. "Bi Hadija, dada yangu, hivyo ndivyo wanavyokataa kwao. Ana maana haiwezekani."

"Mimi sijui kuwa amekataa? Nimeoza mabinti, Alfredi. Najua baba asiyetaka kutoa binti yake anavyofanya. Hasemi hapana, anatia aibu. Anataja sharti zito, ng'ombe mweusi mwenye mkia mweupe, ili muondoke wenyewe. Lakini akishalitaja mbele ya watu limetajwa. Ukimletea ng'ombe wake, binti anatoka. Ndivyo, au sivyo?"

"Ndivyo," akakubali Mzee Alfredi, kwa sababu kwa Wabondei ni vilevile.

"Wewe Bakari ni shahidi. Alfredi ni shahidi. Tobiasi, simama twende."

Bwana Abadani akauliza wamesemaje. Nikamwambia wamelipokea sharti lake. Akasema vizuri, akarudi kwenye karatasi zake.

Yaliyotokea kambi ya juu nilisimuliwa na Tobiasi baadaye, na naamini, kwa kuwa Tobiasi hakuwa na kipaji cha uongo. Alikuwa na nguruwe jike aliyemnunua kwa Mmakonde mmoja, mnene, mweupe, mwenye madoa. Alimwita Bibi Harusi, kwa sababu hakupenda kutembea. Bi Hadija alikaa juu ya jiwe mbali nao, kanga puani, akaamuru kwa fimbo. "Mtieni majani chini. Siyo hivyo, miguu ya nyuma kwanza. Mfunge na kifuani, asije akaruka kweli! Wewe, usinisogezee kamba hiyo!" Wakamfungua, wakamfunga tena, mpaka wakajua namna ya kumlaza mtu ndani ya sanduku asiteleze. Maana mama yule alikuwa na hesabu yake: sharti linatimia, na papo hapo wanajifunza kazi. Kisha akashuka kwa miguu, akalala kwa ndugu yake karibu na kiwanda.

Asubuhi ukungu ulikuwa umefunika nusu ya juu ya bonde. Bwana Abadani alikuwa amesimama chini ya waya akikagua mbao za mvule, mimi nyuma yake. Juu wakapiga kipande cha reli kilichotundikwa kama kengele, ngo ngo, ishara ya kwamba mzigo unakuja. Magurudumu yakaanza kulia. Halafu kikaanza kulia kitu kingine.

Sijasikia tena sauti kama ile. Ilitoka mawinguni. Ilikuwa kama mtu anayepasuliwa kwa msumeno huku akigombana na msumeno. Wapanga mbao wote wakasimama. Mmoja akaanza kusoma kalima. Ukungu ukaachana, na sanduku la unga likatokea, linateleza taratibu angani, na pembeni pametokeza masikio mawili na pua.

Bwana Abadani akavua kofia. Nadhani hakujua kwamba ameivua.

Sanduku likafika, likagota kwenye nguzo, kimya. Bibi Harusi akatazama watu, akapiga chafya. Hana hata mkwaruzo.

Kutoka nyuma ya rundo la mbao akatokea Bi Hadija, amevaa kanga mpya. "Mwambie, mnyama wake huyo. Tumekuja kwa lile jambo letu."

Nikapeleka. Bwana Abadani alinitazama mimi, akamtazama nguruwe. Niliona anaingia ghalani mwake kutafuta. Akatoa "impossible," neno ambalo kiwanda kizima kililijua. Mzee Alfredi, aliyekuwa ametoka ofisini na kalamu sikioni, akakohoa, akauliza kwa heshima kubwa ni lipi hasa lisilowezekana, maana nguruwe ameshafika.

Bwana akasema nguruwe si mwanamke.

"Kweli," akasema Bi Hadija. "Nguruwe hakukaa kwa adabu."

Bwana akasema basi ni juu ya maiti yake.

Hilo nalo nililipeleka zima zima. Bi Hadija akatikisa kidole. "Hakuna! Sharti lilikuwa moja. La pili angelitaja siku ile. Mahari ikishapokelewa haiongezwi. Muulize, kwao huongezwa?"

Nikamuuliza. Ilikuwa mara ya kwanza kumwona Bwana Abadani akifikiri jambo bila kulikataa kwanza. Akaangalia waya kutoka chini mpaka unapopotelea kwenye ukungu. Akaangalia ndoano, moja moja, akazigusa kwa mkono. Kisha akasema jambo ambalo hakuna aliyelitazamia. Alisema mtu wa kwanza kuvunjika shingo kwenye waya huu hatakuwa mwanamke mjamzito. Atapanda yeye.

Nikafurahi sana, mpaka aliponigeukia. Tobiasi hajui Kiingereza. Bila mkalimani ataongeaje naye huko juu?

Nguruwe akatolewa. Nikasema bismillahi, nikaingia. Tulikaa magoti kwa magoti juu ya majani yale yale, na harufu ya Bibi Harusi. Upande wa pili wa waya mzigo wa mbao ulikuwa unasubiri huko juu. Ulipoachiwa kushuka, sisi tukapanda. Miti ikawa midogo, watu wakawa sisimizi, na mimi nikafumba macho nikiomba kwa lugha zote ninazozijua, na Kiingereza cha paka kimo. Bwana Abadani alishika ukingo wa sanduku kwa mikono miwili, anasikiliza magurudumu.

Karibu kabisa na juu, tukasimama. Chini yetu palikuwa na hewa tu. Tobiasi alikuwa pale, hatua chache mbele yetu, ameegemea gogo la breki, na nyuma yake kambi nzima. Agnesi alikuwa mbele ya wanawake, mikono juu ya tumbo.

"Bakari!" Tobiasi akaita. "Mwulize bwana. Mke wangu huyu hapa. Nataka kulisikia kwa kinywa chake, kabla sijawafikisha."

"Anasemaje?" Bwana Abadani akaniuliza.

"Anauliza kama jambo lake linawezekana."

Bwana Abadani alitazama chini mara moja, na hakurudia. Halafu akamtazama Agnesi kwa muda. "Neno lake ni lipi?" akaniuliza. "Kwa Kiswahili. Jambo likiwa laweza kufanyika, mnasemaje?"

Miaka yote aliyokaa nchini hakuwa amelihitaji. Nikamwambia. Akalijaribu kimyakimya, midomo ikicheza. Akajaza kifua.

"I-na-we-ze-ka-na!"

Bonde likalirudia. Wanawake wakapiga vigelegele, na Tobiasi akatuvuta ndani kwa upole kama anayebeba mayai.

Masharti yalikuja baadaye, lakini Bi Hadija aliyakubali kwa kuwa yalikuwa ya safari, si ya ruhusa: wagonjwa tu, si siku za upepo, na mshika breki asiguse pombe. Tuliomba sanduku jipya. Hilo likawa nje ya swali. Bi Hadija akasema yeye kukaa alipokaa nguruwe, abadani. Bwana aliposikia jina lake alitabasamu, kumbe alilijua siku zote. Mwishowe sanduku likaoshwa mara saba, moja kwa udongo, kama dini inavyotaka, na waliosugua walikuwa Wakatoliki wa kambi ya juu, mama yule amesimama anahesabu. Walidai alianza upya kila alipopiga gumzo.

Masika ikaja. Udongo ukaporomoka, njia ikafutika. Asubuhi moja, mvua inanyesha bila upepo, reli ikapigwa huko juu pasipo kupumzika. Bwana Abadani akatoka ofisini bila kofia wala koti. Tulisimama chini ya waya tumelowa. Sanduku likatoka kwenye mvua taratibu, taratibu mno. Agnesi alikuwa amelazwa amefungwa kifuani na miguuni, na Bi Hadija amemwinamia, amefumba macho, anasoma kwa sauti. Aliyekuwa anawashusha ni Tobiasi. Hakuweza kufuatana na mkewe, kwa sababu breki ile ilitaka mikono yake. Ilimbidi amteremshe kwa kiasi kidogo kidogo, ndani ya mvua ambamo hakuweza kuona kitu, mpaka tulipopiga reli ya chini kumwambia amefika. Lori likaondoka nao kwenda Muheza.

Tobiasi alishuka kwa miguu juu ya maporomoko. Alifika kesho yake asubuhi, ni tope tangu kichwani hadi miguuni. Akakaa kwenye kigoda changu. Hakuna aliyemwambia asichafue ofisi. Mzee Alfredi alimwekea ndizi, hakuzigusa.

Lori lilirudi kabla ya adhuhuri. Dereva aliruka kabla halijasimama. "Binti! Analia mpaka wodi inatikisika! Mama mzima! Yule bibi mkunga anawagombeza wauguzi!"

Tobiasi alifunika uso kwa mikono ile mikubwa. Bwana Abadani akatoka chumbani kwake akaniuliza kuna nini. Nikamwambia kwa Kiingereza: mtoto wa kike, wote wawili wazima.

Akaegemea mlango. Akaanza kutikisa kichwa. "Never," akasema. "Impossible." Akasema na lile la nje ya swali, akasema na maneno mengine niliyokuwa nayajua sasa yote, akatoa ghala zima, moja baada ya jingine, huku anacheka na anafuta macho kwa mkono wa shati.

Tobiasi akainua uso kwa hofu. Maneno hayo kila mtu aliyajua. "Bakari, amekataa nini? Amesemaje?"

Nikamtazama Mzee Alfredi. Alikuwa amevua miwani yake ya uzi, amegeukia dirisha.

"Anasema alhamdulillahi," nikamwambia Tobiasi. Na sukari sikutia hata chembe.